Ndiyo, nabeba boksi

Mpwa wangu, umeniuliza mbele ya ukoo mzima kama ni kweli shangazi yako mwenye digrii ya ualimu anaogesha wazee London. Ni kweli. Nawaogesha, nawalisha, nawabadilisha nepi.

Bibi niliyeanza naye mwaka 2014 alikuwa Myahudi wa Vienna. Hitler alipoimeza Austria, Machi 1938, kwao kulikuwa na piano na hausigeli. Mwaka haujaisha, mama yake ndiye hausigeli, tena kwa Waingereza. Hakuwa peke yake. Uingereza haikutaka wakimbizi wa kugombea ajira na wenyeji, ila watumishi wa ndani walikuwa adimu, basi wanawake kama 20,000, wengi wao Wayahudi, wakaingia kwa kibali hicho. Wasomi, wapiga vinanda, wake za madaktari, walijitangaza magazetini kwamba wanajua kupika, na wengine hata yai hawajawahi kukaanga. Siwacheki. Mimi nami niliandika kwenye maombi kwamba nina uzoefu wa kuuguza. Uzoefu wenyewe ni marehemu bibi yetu.

Yule bibi wa Vienna aliletwa kwa treni akiwa na miaka tisa, mmoja wa watoto karibu 10,000 waliofika bila wazazi kabla vita haijaanza Septemba 1939. Mwajiri wa mama hakutaka mtoto jikoni, kwa hiyo alilelewa na watu baki, mama anamwona siku ya mapumziko tu. Baba alibaki Vienna akingoja viza. Haikutoka.

Wakimbizi walipewa kijitabu cha maelekezo: msiseme Kijerumani barabarani, msipaze sauti. Siku hizi nikipiga simu nyumbani nikiwa kwenye basi, shingo zikageuka, nakikumbuka.

Sijifananishi nao, usinielewe vibaya. Mimi nilikuja na tiketi ya kurudi, na nyumba yetu hakuna aliyeichoma. Ila kazi hii mnayoionea aibu kuliko mimi, kuna waliookoka kwayo.

Bibi alipozidiwa, Kiingereza kilimtoka chote, akabaki na Kijerumani kile cha kukatazwa. Nilikuwa namjibu kwa Kiswahili, naye anaitikia kwa kichwa, tunaelewana hivyo hivyo mpaka usingizi umchukue.

Hela ya bati nitatuma Ijumaa, mshahara ukitoka.