Mdogo wangu anafukuzwa mtaani Marekani: arudi nyumbani?

SWALI: Mdogo wangu wa kiume, mkewe na watoto wao wawili walihamia mwezi uliopita katika nyumba waliyoinunua Marekani, kwenye mtaa ambao karibu wakazi wote ni Wazungu. Tangu wafike, gari lao limechorwa matusi ya rangi mara mbili, na jirani mmoja huwafokea watoto kila wanapocheza uani, akiwaambia warudi Afrika. Mama analia usiku na mchana akitaka warejee Moshi. Nimshauri nini mdogo wangu?
Dada mtu, Majengo, Moshi

JIBU: Dada, pole sana, na umfikishie mama pole yetu. Nakuomba usimhimize mdogo wako ahame kabla hajatambua kwamba sheria ya nchi ile inamlinda. Sheria ya Haki ya Makazi, iliyotiwa saini Aprili 11, 1968, wiki moja baada ya kuuawa Martin Luther King, inakataza ubaguzi wa rangi na wa asili ya taifa katika kuuza na kupangisha nyumba, na inakataza pia kumtisha au kumbughudhi mtu ili asiishi kwa amani mahali alipopata makazi kwa haki.

Neno moja la jirani huenda lisitoshe kuthibitisha kosa, lakini mfululizo wa matukio una uzito mkubwa. Ndiyo maana kila tukio lipigwe picha na kuandikwa tarehe, saa na maneno yaliyotamkwa. Uharibifu wa gari uripotiwe polisi, nao wadai nambari ya taarifa, kama sisi tunavyodai RB. Kisha wapeleke malalamiko Wizara ya Nyumba na Maendeleo ya Miji ya Marekani, bila malipo, ndani ya mwaka 1 tangu tukio. Kufungua kesi mahakamani kuna muda wa miaka 2.

Agosti 1957, kabla ya sheria hiyo, William na Daisy Myers, wanandoa Weusi, walihamia Levittown, Pennsylvania, mji wa Wazungu watupu, wakavunjiwa madirisha kwa mawe na umati uliokusanyika nje. Majirani wachache Wazungu walisimama nao, serikali ya jimbo ikapata zuio la mahakama dhidi ya waliowabughudhi, na familia ikabaki. Kwa hiyo mdogo wako atafute hata jirani mmoja mwenye utu, ambaye anaweza pia kuwa shahidi.

Mama naye awapigie simu wajukuu jioni ya huku, ambapo kwao bado ni mchana, awasikilize kwanza, na suala la kurejea awaachie wazazi wao.