Mama anataka nichague: maigizo au muziki?

SWALI: Shikamoo Anti. Nina miaka 22, naishi Korogwe. Siku za wiki nafanya mazoezi na kikundi chetu cha maigizo, Jumamosi napiga diski kwenye harusi na sendofu. Mama kila siku ananiambia mshika mbili moja humponyoka. Mimi namtazama Idris Elba, anaigiza na muziki anapiga. Yeye aliwezaje?
Msomaji wenu, Korogwe

JIBU: Marahaba mwanangu. Umemtaja mtu ninayempenda sana, na huenda hujui kwamba naye alianzia harusini. Alizaliwa London mwaka 1972, baba wa Sierra Leone, mama wa Ghana, na akiwa bado kijana mdogo alikuwa akimsaidia jamaa yake aliyekuwa na shughuli ya kupiga muziki kwenye harusi. Maigizo yalipomvuta, mfuko wa Prince's Trust, unaosaidia vijana wa Uingereza, ulimpa pauni 1,500 akajiunga na National Youth Music Theatre, kundi la vijana la maigizo ya muziki. Hela ile haikuwa ya kumlisha. Alifanya zamu za usiku kwenye kiwanda cha magari cha Ford, Dagenham, na baadaye akiwa New York anahangaika na usaili, muziki ndio uliomsaidia kulipa kodi.

Basi kwake muziki haukuiba muda wa maigizo. Uliyasubiria.

Tena mimi naamini ulimfunza. Wewe mpiga diski unaijua ile dakika ambayo hakuna aliyesimama bado, lakini ukiinama unaona viatu chini ya meza vimeanza kugonga sakafu. Ukibadilisha wimbo hapo, umewapoteza. Mwigizaji mzuri anahitaji subira hiyo hiyo kabla ya kutamka neno. Mtazame Elba akiigiza kama Stringer Bell, kigogo wa dawa za kulevya, kwenye The Wire, tamthilia ya televisheni ya Marekani iliyoanza mwaka 2002: anavyonyamaza, mwenzake anaanza kutoka jasho. Na lafudhi! Kwenye usaili alificha kwamba ni Mwingereza, akazungumza kama mtu wa Marekani. Hilo ni sikio, mwanangu.

Baadaye ikaja Luther, tamthilia ya upelelezi iliyompa tuzo ya Golden Globe mwaka 2012, kisha mwaka 2013 ikatoka filamu aliyoigiza kama Nelson Mandela. Hapo ndipo ninapompendea zaidi. Filamu ilipokwisha hakuaga Afrika Kusini moja kwa moja. Mwaka 2014 alitoa albamu, mi Mandela, yenye muziki uliotokana na safari ile. Kazi moja ilimzalia nyingine. Na mwaka 2018 kwenye harusi ya Prince Harry na Meghan, aliyepiga diski usiku ni yeye.

Lakini mama yako usimpuuze, kwa sababu anachokiogopa mimi kimenipata. Nikiwa na umri wako niliimba kwenye harusi hadi saa tisa usiku, asubuhi nikaenda kurekodi igizo la redio. Nilikuwa mjane anayemlilia mumewe. Sauti ilikuwa imekauka, inatoka kama mlango wenye kutu. Mwongozaji alinisubiri nusu saa, nikanywa maji ya tangawizi, wapi. Nafasi akapewa mwenzangu, na alistahili. Tangu siku ile sikupokea tena shughuli usiku wa kuamkia kazi, hata walipe mara mbili. Nawe weka sharti hilo kabla hujapokea advansi, uliandike, na mama alione limeandikwa.

Jingine: mwaka 2024 zilitoka habari kwamba Zanzibar imemtengea Elba ardhi ya kujenga studio ya filamu. Studio ikisimama itahitaji waigizaji, na itahitaji pia wenye sikio la muziki wa picha. Wewe unayo yote mawili na kutoka Korogwe hadi boti la Unguja si mbali kihivyo.

Jumamosi hii nenda na mama kazini. Mkalishe pembeni, mbali na spika, umwoneshe vile viatu chini ya meza.