Ahadi za Michango Hazijalipwa, na Harusi ni Mwezi Ujao

SWALI: Tunafunga ndoa hapa Moshi mwezi ujao, lakini kamati imepanga ukumbi na mapambo kwa kutegemea ahadi ambazo wengi hawajazitimiza. Tufanyeje?

JIBU: Pole, binti yangu. Mwombe mweka hazina aandae bajeti mpya kwa fedha zilizokwisha kupokelewa tu, kwa kuwa ahadi, hata ikitolewa na mjomba mkarimu mbele ya kikao kizima, bado si malipo. Punguzeni mapambo na magari. Ndafu, yule mbuzi mzima wa kuchoma, ibaki, maana wazee wa Kichagga wataitazamia, na kuikata na kulishana kuna furaha yake. Lisilosubiri michango ni taarifa ya kusudio la kufunga ndoa, ambayo Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inataka itolewe siku 21 kabla. Kama hamjaiwasilisha, nendeni wiki hii.