Jibu: Ratiba ya kusoma inakufa wiki ya tatu

Ndugu, umeuliza kwa nini ratiba ya kurudia Hisabati ya kidato cha nne inakufa kila wiki ya tatu. Saa 2 hadi saa 5 usiku ulizojipangia, ukitoka kazini, ni nyingi mno. Ukikosa siku moja tu, deni linakutisha na unaacha kabisa. Anza na dakika 25, simu iwe chumba kingine. Funga muda kwenye tukio: "nikimaliza kula, nafungua daftari." Jana yake andika swali la kuanzia, mfano logarithimu namba 4, maana kutafuta pa kuanzia ndiko kunakokula muda. Siku uliyokosa usiilipe. Jumapili fanya karatasi moja ya mtihani uliopita wa NECTA (Baraza la Mitihani la Tanzania) kwa saa 3, usahihishe. Mada ulizokosa ndizo ratiba ya wiki.