Saa nne Ketchikan zinatosha

Dada, saa nne za kushuka melini Ketchikan, Alaska, zinatosha kuona wanyama na nguzo ndefu za mbao zilizochongwa na wenyeji (totem), ila shika njia moja tu: ya kusini. Anza Herring Cove, kilomita kama 13 kutoka mjini. Samoni wakipanda kijito, Julai hadi Septemba, dubu weusi huja kuwavua, na tai wenye vichwa vyeupe hungoja makombo. Ukienda Mei, dubu usiwategemee sana.

Ukirudi pitia Saxman, kijiji cha Watlingit, wenyeji wa asili wa huko. Mimi ningekaa zaidi hapo. Muulize mwongozaji nguzo ya William Seward, yule aliyesimamia Marekani kuinunua Alaska mwaka 1867. Inasimuliwa kwamba alikirimiwa karamu na zawadi, asirudishe fadhila, basi wakamchonga kumsuta, pua na masikio vimepakwa rangi nyekundu! Nguzo zenyewe si miungu, zinahifadhi habari za koo.

Kabla ya kulipia ziara, angalia gati: meli nyingine hufunga Ward Cove, kaskazini, na kutoka huko Totem Bight, bustani nyingine ya nguzo hizo, ndiyo karibu. Koti la mvua usiache.