Mlima Uelezwe kwa Kimo, kwa Saa na kwa Upande

Juma lililopita kijana mmoja aliyehitimu masomo ya hali ya hewa aliniandikia kwamba amechoka kuitwa mwongo kila mvua inaponyesha mahali ambapo yeye alitabiri ukavu. Nilimwelewa. Miaka kadhaa iliyopita nilisimama mbele ya waongozaji na wapagazi wa Mlima Kilimanjaro mjini Moshi, chati zangu zikiwa ukutani, na mzee mmoja akanikatiza: "Mwanangu, hayo ni ya huku chini. Sisi tunalala Barafu." Barafu ni kambi iliyo juu mlimani. Ukumbi mzima ukaangua kicheko, na kicheko kile bado kinaniuma, maana chati zenyewe zilikuwa sahihi kabisa.

Tangu hapo sianzi na ramani ya mgandamizo wa hewa. Naanza na kambi. Barafu iko karibu mita 4,670 juu ya usawa wa bahari, ilhali Moshi haifiki mita 1,000, na kwa kuwa joto hupungua takriban nyuzi 6 kwa kila mita 1,000, mgeni huwa ameacha nyuma zaidi ya nyuzi 20 za joto hata kabla jua halijatua. Kisha nataja saa. Jua la asubuhi hupasha miteremko, hewa yenye unyevu hupanda kutoka msituni, hutanuka, hupoa, na mvuke wake hugeuka wingu. Ndiyo sababu Kibo, kilele kikuu cha mlima, huonekana wazi alfajiri na mara nyingi hujifunika ifikapo adhuhuri. Mwisho nataja upande, kwa sababu anayepitia njia ya Machame, kusini, hukutana na unyevu unaoletwa na kusi kutoka Bahari ya Hindi, wakati anayepitia Rongai, kaskazini, hupata hewa iliyokwisha kumwaga sehemu kubwa ya mvua yake. Tena mvua nyingi huangukia ukanda wa msitu, wala si kileleni kama wengi wanavyodhani.

Yule mzee siku hizi hunipigia simu kabla ya kupandisha wageni. Nalitaja hilo kwa fahari, na sioni haya.

Basi ninyi mnaotamani kusikilizwa, acheni kujificha nyuma ya asilimia. Mpagazi mwenye mzigo kichwani hafaidiki na "uwezekano wa mvua katika baadhi ya maeneo", na asipoelewa, msimlaumu yeye. Semeni kimo, semeni saa, semeni upande. Halafu rudieni kimo. Panapotarajiwa radi, msiishie kwenye "tahadhari ichukuliwe", kwa kuwa juu ya msitu hakuna miti mirefu na mtu aliyesimama anaweza kuwa ndiye kitu kirefu kuliko vyote: waambieni waondoke kwenye matuta, washuke mapema, wala wasisubiri tone la kwanza.