Vita vya Santiago vya mezani

Je, ile filamu ya kale ya vita vya majini vya Santiago, kati ya Marekani na Hispania, ni picha halisi ya vita? Hapana, si picha halisi. Hakuna aliyezipiga filamu manowari za Wahispania zikiteketea Santiago, Kuba, tarehe 3 Julai 1898. Filamu hiyo ya J. Stuart Blackton na Albert E. Smith wa Vitagraph, kampuni ya filamu ya Marekani, ilitengenezwa New York, juu ya meza.

Walinunua picha za manowari zilizokuwa zikiuzwa mitaani, wakazikata, wakazigongomea kwenye vipande vya mti na kuzisimamisha katika maji ya kina cha inchi moja. Meli zilivutwa kwa uzi mwembamba. Nyuma ya kila meli waliweka baruti, kiasi cha kushika kwa ncha za vidole, ikawashwa ionekane mizinga inalipuka. Na ule moshi mzito wa vita? Mke wa Blackton na sigareti yake, pamoja na kijana wa ofisini na siga! Moshi huohuo ndio uliowaokoa, maana ulificha uzi na karatasi.

Ila haya ni masimulizi ya Smith mwenyewe, kitabu chake kilitoka 1952, zaidi ya miaka 50 baadaye. Chumvi haikosi.